Kwa Nini Filamu ya 12 Angry Men Haijachuja

Filamu ya 12 Angry Men, iliyoongozwa na Sidney Lumet na kutoka mwaka 1957, ina urefu wa dakika 96, na katika dakika hizo ni kama 3 tu zinazopita nje ya chumba kimoja cha mahakama jijini New York na maliwato yaliyo ubavuni mwake. Muuaji haonekani akiua, mawakili hawasikiki wakibishana, mashahidi hawapandi kizimbani, na mshtakiwa mwenyewe, kijana wa miaka 18 anayedaiwa kumuua baba yake kwa kisu, anaonyeshwa kwa muda mfupi mwanzoni bila kutamka neno. Kinachobaki ni wanaume kumi na wawili wanaotakiwa kuamua kama ana hatia, meza ndefu, feni iliyogoma na joto la kiangazi. Ilipofika kwenye majumba ya sinema haikuingiza mapato ya kuridhisha, na tuzo 3 za Oscar ilizowania, ya filamu bora, ya uongozaji na ya muswada, zote zilikwenda kwa The Bridge on the River Kwai. Leo, zaidi ya miaka 60 baadaye, inafundishwa katika vyuo vya sheria na katika kozi za majadiliano na uongozi, na mwaka 2007 iliingizwa katika orodha ya filamu ambazo Maktaba ya Bunge la Marekani huzihifadhi kwa ajili ya vizazi vijavyo.

Jibu la haraka la kwa nini imedumu ni kwamba watu hupenda kumwona mtu mmoja mwadilifu akiwashinda wengi. Jibu hilo lina ukweli, lakini halitoshi, kwa sababu filamu za mtu mmoja dhidi ya wengi ziko tele na nyingi zimeshasahaulika. Kwa maoni yangu nguvu yake iko mahali pengine: imechukua kanuni ngumu kuliko zote katika sheria ya jinai, ile inayodai hatia ithibitishwe pasipo kuacha shaka yoyote ya msingi, ikaigeuza kuwa kitu ambacho mtazamaji anakiona kikitendeka mbele ya macho yake. Ili kulielewa hilo, ni lazima kwanza kuuelewa utaratibu wa mahakama ambao hadithi imejengwa juu yake, kwa kuwa wengi wetu hatukukulia ndani yake.

Katika kesi nzito za jinai nchini Marekani, jaji hasemi kama mshtakiwa ana hatia. Kazi hiyo hufanywa na juri, yaani kikundi cha raia wa kawaida, kwa desturi kumi na wawili, wanaoitwa kutoka katika shughuli zao, wanaosikiliza kesi hadi mwisho kisha wanafungiwa chumbani wajadiliane kwa siri. Jaji huwaeleza sheria. Wao huamua ukweli wa mambo. Uamuzi wao, uwe wa kutia hatiani au wa kuachia huru, lazima uwe wa kauli moja. Wakishindwa kabisa kukubaliana, juri huvunjwa na upande wa mashtaka unaweza kuanza upya mbele ya juri nyingine. Sharti la kauli moja halikuwa kila mahali, kwani majimbo ya Louisiana na Oregon yaliendelea kukubali kura zisizo kamili katika kesi nzito hadi Mahakama Kuu ya Marekani ilipoukataa utaratibu huo mwaka 2020, lakini New York ya filamu hii ililishikilia. Bila sharti hilo hakuna hadithi: kura ya kwanza ni 11 kwa 1, na katika mfumo wa wingi wa kura kijana angeshahukumiwa kifo kabla wajumbe hawajavua makoti.

Msomaji wa Afrika Mashariki atakumbuka wazee wa baraza, ambao kwa miaka mingi walikaa na majaji wa Mahakama Kuu katika kesi za mauaji, nchini Tanzania, na nchini Kenya hadi walipoondolewa mwaka 2007. Tofauti ni kubwa: katika kesi hizo wazee walitoa maoni, na jaji akiwa na sababu aliweza kuyaacha, ilhali juri ya Marekani hutoa uamuzi wenyewe. Kwa kweli juri kamili iliwahi kuwapo Kenya wakati wa ukoloni, ila ilikuwa haki ya Wazungu walioshtakiwa, nao walihukumiwa na Wazungu wenzao. Mwaka 1923, mlowezi mmoja alipomchapa mfanyakazi wake aliyeitwa Kitosh hadi mtu huyo akafariki, juri ya walowezi mjini Nakuru ilikataa kumtia hatiani kwa mauaji, ikamwona na kosa la kuumiza tu, akafungwa miaka 2. Nautaja mkasa huo kwa kuwa unaonyesha jambo ambalo filamu yenyewe inalijua vizuri: chumba cha faragha chenye watu kumi na wawili kinaweza kuwa ngome ya haki, na kinaweza pia kuwa mahali ambapo chuki hukaa kwa raha bila kuulizwa.

Hadithi iliandikwa na Reginald Rose, mwandishi wa michezo ya televisheni, baada ya yeye mwenyewe kuitwa kuhudumu katika juri ya kesi ya kuua bila kukusudia jijini New York. Mchezo wake ulirushwa moja kwa moja na kituo cha CBS mwezi Septemba 1954. Mwigizaji Henry Fonda aliupenda, akaungana na Rose kuutayarisha kuwa filamu, na wakamkabidhi Lumet, kijana aliyekuwa na uzoefu wa televisheni lakini ambaye hakuwahi kuongoza filamu hata moja. Bajeti ilikuwa takriban dola 340,000, kiasi kidogo hata kwa wakati huo. Waigizaji walifanya mazoezi kwa wiki 2, kisha upigaji picha wote ukakamilika katika muda usiozidi wiki 3. Kwa kuwa kupanga taa upya kulikula fedha, Lumet alipiga kwanza kila tukio linaloelekea ukuta mmoja, kutoka mwanzo hadi mwisho wa hadithi, ndipo akahamia ukuta wa pili. Maana yake ni kwamba katika mabishano mengi tunayoyaona, maneno ya mmoja na majibu ya mwenzake yalipigwa siku tofauti, na bila yale mazoezi marefu joto la ugomvi lisingeweza kulingana.

Sasa twende kwenye kiini, yaani ushahidi. Upande wa mashtaka ulikuwa na nguzo 4. Mzee anayeishi ghorofa ya chini alisema alisikia kijana akipiga kelele kwamba atamuua baba yake, akasikia mwili ukianguka, akakimbilia mlangoni na baada ya sekunde 15 akamwona kijana akishuka ngazi mbio. Mwanamke wa jengo la ng'ambo alisema aliona mauaji kupitia madirisha ya treni iliyokuwa ikipita katikati. Kisu kilichotumika, kisu cha kukunja chenye mpini wa nakshi, kilisemekana kuwa cha aina ya pekee na kijana alikuwa amenunua kinachofanana nacho usiku uleule. Na kijana mwenyewe, aliyesema alikuwa sinema, hakuweza kutaja majina ya filamu alizotazama.

Mjumbe nambari 8, anayeigizwa na Fonda, hasemi kwamba kijana hana hatia. Kauli yake ya mwanzo ni kwamba hajui, na kwamba haoni sawa kumpeleka mtu kifoni bila kuzungumza kwanza. Hapa ndipo watazamaji wengi, na hata baadhi ya wachambuzi, hupitwa. Wanamwita mtetezi wa asiye na hatia, wakati yeye hadai hivyo hata mara moja katika dakika zote 96. Anachofanya ni kuziuliza nguzo hizo 4, moja baada ya nyingine, kama kila moja ina uzito iliyodaiwa kuwa nao. Anatoa mfukoni kisu kingine kinachofanana kabisa na kile cha kwenye kesi, alichokinunua mtaani kwa kijana, na neno "pekee" linakufa hapo hapo. Anauliza treni inachukua muda gani kupita, na ikibainika ni kama sekunde 10 za kishindo, inakuwa vigumu kueleza mzee alisikiaje sauti ya mtu na kuitambua. Anachukua ramani ya nyumba, anapima hatua sakafuni, anachechemea kama yule mzee aliyepata kiharusi, na saa inaonyesha sekunde 41 badala ya 15.

Angalia jinsi mambo hayo yalivyopangwa. Hakuna hata moja linalothibitisha kwamba kijana hakuua. Kisu cha pili kinaonyesha tu kwamba kisu cha kwanza kingeweza kuwa cha mtu mwingine. Hesabu ya sekunde inaonyesha tu kwamba mzee angeweza kukosea. Sheria haidai zaidi ya hapo, kwa sababu mzigo wa kuthibitisha uko kwa upande wa mashtaka tangu mwanzo hadi mwisho na mshtakiwa halazimiki kueleza lolote. Kanuni hiyo husomwa kwa sauti na jaji mwanzoni mwa filamu, naye huisoma kwa uchovu wa mtu aliyekwisha kuirudia mara nyingi mno. Wajumbe huisikia bila kuisikia. Saa moja na nusu inayofuata ni maneno yale yale ya jaji yakipewa uhai, na sijaona kitabu cha sheria kinachoifanya kazi hiyo kwa ufasaha kama huo.

Wahenga walisema akili ni nywele, kila mtu ana zake, na Rose aliandika kana kwamba alikuwa na usemi huo kichwani. Wajumbe hawabadiliki kwa sababu moja. Mzee, mjumbe nambari 9, anabadilika wa kwanza, na wala si kwa hoja: anasema tu kwamba mtu anayesimama peke yake anastahili kusikilizwa. Mjumbe nambari 5, aliyekulia katika mitaa ya ufukara, anatoa kile ambacho wenzake wenye elimu hawana, ujuzi wa jinsi kisu cha namna hiyo kinavyoshikwa: anayekijua hukichoma kutoka chini kwenda juu, na jeraha la marehemu lilitoka juu kwenda chini. Nambari 7 ana tiketi za mechi ya besiboli mfukoni, na anapobadilisha kura ili waondoke mapema, ni mjumbe ambaye tayari wako upande mmoja, nambari 11, anayemkasirikia na kumtaka atoe sababu. Kwangu mimi hilo ni moja ya matukio makubwa ya filamu, kwa sababu linakataa kuhesabu ushindi wowote uliopatikana bila kufikiri, hata kama ni ushindi wa upande tunaoushabikia.

Mwigizaji wa nambari 11, fundi saa mhamiaji anayeueleza utaratibu wa juri kwa heshima kuliko wenyeji, alikuwa George Voskovec kutoka Czechoslovakia. Miaka michache kabla ya filamu, mwaka 1950, aliporejea Marekani alizuiliwa katika kisiwa cha Ellis kwa karibu mwaka mzima akishukiwa kuwa na mwelekeo wa kikomunisti. Lee J. Cobb, anayeigiza nambari 3, yule mkali wa mwisho, alikuwa naye amebanwa na kamati ya Bunge iliyowasaka wakomunisti, na mwaka 1953 alikubali kutaja majina ya wenzake. Filamu haisemi lolote kuhusu miaka hiyo ya tuhuma, lakini ilitengenezwa na watu waliojua, wengine kwa miili yao, hali ya kuhukumiwa kwa kushukiwa tu.

Wanaosalia upande wa hatia mwishoni ndio wanaoeleza zaidi. Nambari 4, mtu wa fedha mtulivu asiyetoka jasho, anaamini ushahidi kwa dhati na anabadilika pale tu nambari 9 anapokumbuka kwamba yule mwanamke shahidi alikuwa na alama za miwani puani, na hakuna avaaye miwani kitandani. Nambari 10 anamwaga chuki yake yote dhidi ya watu wa mitaa anakotoka kijana, bila kutaja kabila wala taifa, na wenzake, waliokuwa wakibishana vikali kwa zaidi ya saa nzima, wanainuka mmoja mmoja na kumpa mgongo. Nambari 3 anagundua, au tunagundua kwa niaba yake, kwamba kijana aliyetaka kumwadhibu ni mwanawe mwenyewe waliyetengana naye, ambaye picha yake anaichana mezani. Kwa hiyo tuna shaka ya ushahidi, chuki ya jamii na jeraha la nyumbani, mambo 3 ambayo katika maisha halisi hujificha nyuma ya maneno yale yale: "Nina hakika."

Kamera nayo inashiriki katika hoja. Lumet na mpiga picha wake Boris Kaufman waliigawa filamu katika sehemu 3. Katika theluthi ya kwanza kamera iko juu ya usawa wa macho, katika ya pili iko sawa na macho, katika ya mwisho iko chini, hata dari inaanza kuonekana juu ya vichwa. Wakati huohuo lenzi zilibadilishwa hatua kwa hatua kwenda kwenye zile ndefu, ambazo huvuta kuta na nyuso pamoja, hivi kwamba chumba kinaonekana kusinyaa ingawa hakuna ukuta uliosogea. Mtazamaji hajui kwa nini anaanza kukosa pumzi. Wajumbe wanapotoka hatimaye kwenye ngazi za mahakama baada ya mvua, lenzi pana inatumika na anga lote linafunguka.

Hata hivyo, kuipenda filamu hii kwa haki kunataka kuzikabili lawama zake, na ziko nzito. Ya kwanza ni ya kisheria. Mjumbe wa juri haruhusiwi kufanya uchunguzi wake mwenyewe. Lazima aamue kwa ushahidi uliotolewa mahakamani peke yake, ambao pande zote mbili zilipata nafasi ya kuujibu. Kile kisu cha pili, tukio linalopendwa kuliko yote, ni ukiukaji wa wazi, na kama jaji angeujua, kesi ingeweza kuvunjwa. Sonia Sotomayor, jaji wa Mahakama Kuu ya Marekani, amesema kwamba filamu hii ilichangia kumvuta kwenye sheria alipokuwa mwanafunzi, na amesema pia kwamba alipokuwa jaji wa mahakama ya chini alikuwa akiwaonya wajumbe wasiifuate. Sioni mgongano katika kauli hizo mbili. Alichofanya nambari 8 kilipaswa kufanywa na wakili wa utetezi, na filamu inaeleza waziwazi kwamba wakili huyo, aliyepangiwa mshtakiwa na mahakama, hakuuliza maswali aliyopaswa kuuliza. Kosa la mjumbe linafunua pengo la mfumo, ingawa halihalalishiki.

Lawama ya pili ni ya uwezekano. Ni kweli kila nguzo inaweza kutikiswa peke yake, lakini je, ni jambo la kawaida mzee akosee, mwanamke akosee, kisu ambacho kijana alidai kukipoteza kifanane na cha muuaji, na kijana asahau filamu, yote kwa usiku mmoja? Mwendesha mashtaka hodari angesisitiza kwamba ushahidi hupimwa kwa pamoja. Hoja hiyo ina nguvu, nami nakiri kwamba nikizijumlisha nguzo zote siwezi kuifuta. Lakini jumla ya shuhuda haiwezi kuwa imara kuliko shuhuda zenyewe, na mashahidi wawili wakuu hawakulegea kwa bahati: mmoja alisikiliza ndani ya kishindo cha treni, mwingine alitazama bila miwani. Wakiondolewa hao, kilichobaki ni kisu kinachouzwa madukani na kumbukumbu dhaifu ya kijana aliyehojiwa akiwa na maiti ya baba yake chumba cha pili. Mtu anaweza bado kudhani kijana aliua. Kumpeleka kifoni kwa dhana hiyo ni jambo jingine.

Ya tatu inatoka kwa watafiti. Harry Kalven na Hans Zeisel wa Chuo Kikuu cha Chicago, katika utafiti mkubwa wa juri uliochapishwa mwaka 1966, walikuta kwamba katika kesi kama 9 kati ya kila 10 upande uliokuwa na wingi katika kura ya kwanza ndio ulioshinda, na kwamba mtu mmoja aliyeanza peke yake karibu kamwe hawageuzi kumi na mmoja. Isitoshe, kesi nyingi za jinai nchini Marekani hazifiki mbele ya juri kabisa, kwani washtakiwa walio wengi mno hukiri kosa baada ya makubaliano na waendesha mashtaka. Na juri tunayoiona ni ya wanaume weupe peke yao, katika jimbo ambalo tangu mwaka 1937 liliwaruhusu wanawake kuhudumu, ila kwa hiari yao. Filamu, basi, haituonyeshi jinsi mambo yanavyokwenda kwa kawaida. Inatuonyesha kile ambacho kanuni inakiomba kwa wanadamu, na jinsi kilivyo kigumu kutolewa.

Wengine wameichukua na kuihamishia kwao. India walitengeneza Ek Ruka Hua Faisla mwaka 1986 kwa kuufuata muundo wa Rose kwa karibu sana. Nchini Urusi, Nikita Mikhalkov alitoa filamu yake iitwayo 12 mwaka 2007, ambamo mshtakiwa ni kijana wa Chechnya na kila mjumbe anapewa nafasi ya kusimulia mkasa mrefu wa maisha yake. Ni filamu yenye uzito, lakini Mikhalkov alifanya uamuzi mmoja ambao Rose aliukwepa: mtazamaji wake anaambiwa kwamba kijana hakuua, na mjadala wa mwisho unahamia kwenye usalama wake akishaachiwa. Mara tu tunapoambiwa ukweli, shaka inageuka kuwa fumbo lililopata jibu, na wale waliokuwa wakisitasita wanakuwa watu waliokuwa sahihi tangu mwanzo. Wajumbe wa New York hawakupewa faraja hiyo. Walimwachia kijana bila kujua kama alimuua baba yake, nasi tunaotazama hatujui, na ndiyo sababu watu wanaotoka kuitazama leo bado hubishana juu yake.